Waraka kwa wanachama: aliyetiwa hatiani asirudi kwa mlango wa nyuma

Kwa wanachama wenzangu, wenye zahanati binafsi na maduka ya dawa muhimu, Kilangala na vijiji jirani.

Nawaletea jambo hili kwa maandishi kabla ya kikao, kila mtu alitafakari kwake, tukikutana tuamue.

Tuseme mgonjwa amekuja na homa. Kipimo cha haraka hakikuonyesha malaria, akapewa panado, akarudi shambani kwake. Kwenye fomu ya madai ya Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya imeandikwa malaria kali, dripu mbili, sindano za siku tatu. Penye sahihi yake pana mwandiko uleule uliojaza fomu nzima, kwa kalamu ileile. Hapo kuna kughushi, na kuna kujipatia fedha kwa udanganyifu. Kama aliyejaza ni mwajiriwa na anamdanganya mwajiri wake kwa karatasi hizo, TAKUKURU nao wana kifungu cha 22 cha sheria yao ya 2007.

Na fedha hizo zina wenyewe. Mtumishi wa umma na mwajiri wake huchangia asilimia 6 ya mshahara, nusu kwa nusu. Mwalimu wa watoto wetu anakatwa kila mwezi, aumwe asiumwe. CHF iliyoboreshwa, mkulima aliilipia shilingi 30,000 kwa kaya ya watu sita, fedha ya korosho na ufuta. Anayeandika dripu ya uongo amewachomoa hao mfukoni.

Mkosaji akishafungwa au kulipa faini, je, arudi kuwahudumia wenye bima? Marekani wamelijibu swali hili kwa sheria. Aliyetiwa hatiani kwa wizi dhidi ya mipango ya afya ya serikali, kwa kumtesa au kumtelekeza mgonjwa, au kwa kosa kubwa la udanganyifu wa matibabu au la dawa za kulevya, hutolewa kwenye mipango hiyo kwa muda usiopungua miaka 5. Akirudia, 10. Mara ya tatu, daima. Jina lake huwekwa kwenye orodha ambayo yeyote anaweza kuisoma, na serikali hailipi huduma aliyoitoa wala dawa aliyoiandika. Hospitali ikimwajiri, hata kwa kazi ya ofisini, inaweza kutozwa faini. Miaka ikiisha harudi hivi hivi. Lazima aombe upya. Hilo la kuomba upya nimelipenda kuliko yote, maana linamwachia mtu njia ya kurudi bila kuifanya kuwa haki yake.

Jirani zetu wa Kenya nao yamewafika. Mwaka 2025 Waziri wa Afya, Aden Duale, alitangaza kusimamisha vituo kwa tuhuma za madai ya uongo kwenye bima mpya, miongoni mwake wagonjwa wa nje walioandikwa kana kwamba wamelazwa.

Kwetu, Mfuko unaweza kuvunja mkataba na kituo, na mabaraza ya taaluma yanaweza kumfuta mtu kwenye rejesta. Lakini nyote mnajua mchezo unavyochezwa: leseni inaandikwa jina la mke au shemeji, na yuleyule aliyetiwa hatiani anakaa nyuma ya kaunta, anapima vidonge na kujaza fomu. Karatasi ya Dodoma haimwoni. Sisi tunamwona, tunasalimiana naye kila asubuhi. Ndiyo maana naona jambo hili linaanzia kwetu.

Nitaomba kikao kipitishe kwamba aliyetiwa hatiani na mahakama kwa makosa ya aina zilizotajwa kwenye sheria hiyo ya Marekani asiwe mwanachama, asimiliki wala asifanye kazi kwenye kituo cha mwanachama kwa miaka 5, kisha aombe kwa barua. Nasema aliyetiwa hatiani. Mtuhumiwa bado si mkosaji, na uvumi wa barazani usimnyime mtu riziki. Pia adhabu imwangukie mtu, isiwaangukie wagonjwa. Kituo kikifungwa hapa, mama mwenye uchungu anapakiwa bodaboda kwenda Sokoine, Lindi, na yeye hakughushi chochote. Mwenye kosa aondoke, kituo kipewe msimamizi mwingine mwenye sifa, huduma iendelee.

Kabla ya kikao, kila mmoja akague watu wake. Mwombe kila mhudumu leseni hai ya baraza lake na hati ya polisi ya tabia njema. Kisha toa fomu za madai za mwezi uliopita na ulinganishe na daftari la wagonjwa, mstari kwa mstari. Fomu isiyo na mgonjwa kwenye daftari, andikia Mfuko mwenyewe na urejeshe fedha kabla hujaulizwa. Njooni na nakala za barua hizo kikaoni.

Wenu, katibu