Damu ya Ismani

Siku ya Krismasi, 25 Desemba 1971, huko Ismani, Mkuu wa Mkoa wa Iringa, Dk. Wilbert Klerruu, alipigwa risasi na mkulima, Said Mwamwindi. Serikali ilikuwa ikihimiza vijiji vya Ujamaa. Mwamwindi alikuwa na shamba lake. Baadaye naye alinyongwa.

Karl Marx alifundisha kwamba mwenye mali na mfanyakazi hawana budi kupambana. Kuhusu dhuluma hakukosea: Ismani ilikuwa na wenye mashamba makubwa ya mahindi, na vibarua wasio na kitu. Baba Mtakatifu Leo XIII, katika waraka wa Rerum Novarum wa mwaka 1891, naye alidai ujira wa haki, lakini akakataa kwamba matajiri na maskini wameumbwa kuwa maadui. Ukimwona mwenzako kama tabaka tu, unasahau kwamba ana jina na watoto.

Hata hivyo, tusijifiche nyuma ya waraka. Yule tajiri wa Injili hakumpiga Lazaro. Alimwacha tu mlangoni. Wewe unayevuna viazi Mbeya au chai Mufindi, kabla ya kutoa sadaka leo jiulize: kibarua wangu amelipwa? Kama bado, sadaka hiyo ni mali yake. Nenda kwanza ukamlipe. Mungu atakungoja.