UCHAMBUZI: Kwa nini bei ya pikapu kuukuu haishuki, na ni nani anayeumia

MFUGAJI mmoja wa Kinangop ambaye tulisoma naye alinipigia simu mwaka jana kunieleza, kwa bashasha tele, kwamba hatimaye ameupa kisogo mkokoteni wa punda. Alikuwa ameuza ng'ombe wawili, akaongezea mkopo wa chama cha ushirika, akanunua pikapu ya dizeli yenye safu mbili za viti. Rangi yake ilikuwa ya fedha na ilikuwa imesuguliwa ikameremeta.

Miezi mitatu baadaye alipiga tena, na safari hii bashasha ilikuwa imekwisha. Gari lilikuwa limeegemezwa juu ya mawe uani, injekta zake zote nne zikiwa zimeng'olewa. Fundi alikuwa amemwambia kuwa gharama ya kuzibadilisha pamoja na pampu ingekaribia robo ya bei aliyonunulia gari lenyewe. Makato ya mkopo, bila shaka, hayakusubiri injini ipone.

Kisa hiki si cha mtu mmoja. Zunguka Molo, Kimilili, Mwea au Taveta na hutakosa boma lenye pikapu iliyolala. Swali linalostahili kuulizwa si kwa nini magari makuukuu huharibika, maana hiyo ndiyo hulka yake. Swali ni kwa nini mwananchi wa kipato cha chini hulazimika kutoa fedha nyingi hivyo kwa gari lililokwisha kuchoka.

Jawabu la kwanza liko mbali na Kinangop. Wengi wetu huamini kwamba magari yote ya mitumba hutoka Japani, na kwa gari dogo la familia imani hiyo ina mashiko. Kwa pikapu ya dizeli haina. Kampuni ya Toyota iliacha kuuza Hilux nchini Japani mnamo 2004 na haikuirejesha katika soko hilo hadi 2017. Isuzu nayo, ambayo jina lake limetapakaa katika barabara zetu za mashambani, ina kitovu chake cha kutengeneza pikapu nchini Thailand. Mjapani wa kawaida hubebea mizigo kwenye lori dogo au kwenye kigari cha injini ndogo mno, na kwa hivyo hana pikapu ya kutuuzia.

Basi mwagizaji wa Mombasa anayetaka pikapu hulazimika kuitafuta Thailand, Uingereza au Australia, nchi ambazo usukani uko kulia kama hapa kwetu. Huko nako wapo wakulima na wajenzi wanaoing'ang'ania, na bei huwa juu hata kabla ya meli kung'oa nanga.

Kisha kuna sheria ya miaka minane. Shirika la Kukadiria Ubora wa Bidhaa Nchini (KEBS) haliruhusu gari lililotumika kuingia nchini likiwa limepita umri huo tangu liliposajiliwa mara ya kwanza. Kila Januari inapoingia, mwaka mmoja zaidi wa magari hufungiwa mlango. Pikapu ya miaka kumi au kumi na miwili, ambayo pengine ndiyo mkulima angeimudu, haiwezi kushushwa bandarini.

Sheria hiyo ina hoja zake na mimi si miongoni mwa wanaoikejeli. Hatukutaka nchi hii iwe jaa la vyuma vya mataifa tajiri, na yeyote aliyewahi kukwama nyuma ya gari linalofuka moshi mweusi kwenye mteremko wa Mai Mahiu anajua dizeli mbovu hufanya nini mapafuni. Lakini tazama matokeo yake kwa aina hii ya gari. Pikapu ya Thailand ya miaka tisa imekataliwa, ilhali ya hapa nchini ya miaka ishirini na mitano ingali inapanda Kinangop ikiwa na chasi iliyoungwa mara tatu. Kwa kuwa hakuna ya umri wa kati inayoingia, ile ya zamani haishuki bei.

Uganda ilichagua njia tofauti mnamo 2018 ilipoweka kikomo cha miaka 15. Sidai kwamba tuige kila kitu cha jirani. Nadai tu kwamba gari la kazi lingeweza kupimwa kwa hali yake kwenye ukaguzi badala ya kupimwa kwa kalenda peke yake.

Maadamu za nje ni haba na ghali, mnunuzi wa kawaida hubaki na zile zilizouzwa hapa zikiwa mpya, nyingi zikiwa zimeunganishwa katika viwanda vyetu. Jambo hili lina faida moja ambayo watu huisahau. Nambari ya usajili ya gari dogo kutoka ng'ambo hueleza lilipoingia Kenya tu, na huenda lilikuwa limetimiza miaka saba barabarani. Nambari ya pikapu iliyouzwa hapa ikiwa mpya hukaribia kueleza siku yake ya kuzaliwa.

Nambari hiyo, hata hivyo, haielezi ilivyolelewa. Pikapu zilizotumika nchini hutoka katika mikono ya aina nyingi: idara za serikali, kaunti, mashirika ya misaada, kampuni za majani chai, wanakandarasi na wafanyabiashara wa miraa. Hizi za mwisho zinahitaji tahadhari ya pekee. Miraa hunyauka, na pikapu iliyozoea kutoka Maua hadi Nairobi kabla ya zao hilo kupoteza thamani haijawahi kuonjeshwa mwendo wa pole. Soko la miraa linapoyumba, kama ilivyotokea Uholanzi ilipoipiga marufuku 2013 na Uingereza 2014, kisha Somalia ilipofunga milango kati ya 2020 na 2022, ni jambo la kutarajiwa kwamba baadhi ya magari hayo yatatafuta wenyewe wapya. Hupakwa rangi, hubadilishiwa viti, mita hurudishwa nyuma, na mgeni huambiwa kwamba gari lilikuwa la mwalimu mstaafu.

Gari la pwani nalo lina maradhi yake. Chumvi hula chasi kutoka ndani, na rangi ya juu haitakuonyesha. Lala chini ya gari uligonge kwa bisibisi. Nguo zitafuliwa.

Kwa upande wa serikali na kaunti, Sheria ya Ununuzi wa Umma na Uuzaji wa Mali ya 2015 inataka mali kuukuu iuzwe kwa utaratibu wa wazi, ukiwemo mnada. Minada hii ina bahati zake, ila aghalabu mnunuzi haruhusiwi kuliendesha gari kabla ya kulipia. Magari ya mashirika yaliyosamehewa ushuru yana mtego mwingine: msamaha ule ulikuwa wa shirika, si wako. Likiuzwa kwa mtu asiye na msamaha, Mamlaka ya Ushuru Nchini (KRA) hudai chake, na usipouliza mapema nani atalipa, basi ni wewe.

Sasa turudi kwa yule rafiki yangu, kwa sababu kosa lake halikuwa la uzembe. Alikagua magurudumu na taa, akahakikisha kwamba kipozahewa kinafanya kazi. Alichokosa kuuliza ni aina ya injini.

Hilux za zamani zilizotumia injini ya dizeli ya 5L, yenye ujazo wa takriban lita tatu na isiyo na turbo, zilikuwa nzito wa mwendo na zenye kelele. Peugeot 504, iliyojipatia sifa hapa kwa kushinda mbio za Safari mwaka 1975 na tena 1978, ilikuwa na pikapu ya dizeli ya silika hiyo hiyo. Pampu yake ilikuwa chombo cha chuma ambacho fundi wa Barabara ya Kirinyaga au wa Grogan aliweza kukifungua na kukirudisha akiwa na spana, jicho pevu na subira.

Injini zilizofuata, kama zile za D-4D za Toyota, hupeleka mafuta kwa shinikizo kubwa mno kupitia mfereji mmoja unaolisha injekta zote, na kompyuta ndiyo inayoamua kila tone lipulizwe lini. Zina nguvu zaidi, kelele kidogo na hutumia mafuta kwa uangalifu. Ni injini nzuri. Lakini hazivumilii uchafu wala maji kwenye mafuta, na zikiugua huhitaji mashine ya kupima ambayo haipatikani katika kila soko la mashambani.

Nasi tunajua mafuta yetu. Kanda hii ilianza kutumia dizeli yenye salfa isiyozidi sehemu 50 kwa milioni mnamo Januari 2015, hatua iliyostahili pongezi. Hata hivyo, uchanganyaji wa dizeli na mafuta taa ulikuwa umekithiri kiasi kwamba mnamo 2018 serikali ilitoza mafuta taa ada ya Sh18 kwa lita ili kuua faida ya mchezo huo. Mafuta taa hayana ulainisho wa dizeli. Pampu inayotegemea mafuta yenyewe ili isisagike hujisaga, na vumbi la chuma huingia kwenye injekta. Gari lililokunywa uchafu huo kwa mwenye kwanza humwangukia mwenye pili.

Ndiyo maana namshauri yeyote atakayenisikiza kwamba afike kwa muuzaji asubuhi, bila kutangaza saa, na aguse injini kabla haijawashwa. Ukiikuta ina joto, muulize kwa nini. Injini ya dizeli iliyochoka huficha mengi ikiwa imepashwa moto. Ikiwa baridi, husita kuwaka na kutoa moshi mweupe wa mafuta yasiyoungua, au wa buluu wa oili. Kisha fungua kifuniko cha oili injini ikiunguruma. Mvuke ukitoka kwa kishindo, ringi za pistoni zimekwisha. Uliza pia ukanda unaoratibu vali za Hilux ulibadilishwa lini. Ukikatika, vali hugongana na pistoni na hadithi huishia hapo. Fundi wa kukusaidia awe wako, umemlipa wewe, na asiwe amejuana na muuzaji.

Kuhusu karatasi sitasema mengi, kwa kuwa yameandikwa sana, ila watu wangali wanalia. Rekodi ya gari hutafutwa katika mtandao wa Mamlaka ya Kitaifa ya Usalama na Uchukuzi (NTSA) kwa ada ndogo. Jina la mkopeshaji likiwa kando ya jina la muuzaji, gari hilo lina mwenyewe mwingine. Tangu Sheria ya Haki za Dhamana katika Mali Inayohamishika ya 2017, wakopeshaji husajili madai yao, na dalali wa mahakama hatasikiliza kwamba wewe ulilipa taslimu. Sheria ya Trafiki nayo hairuhusu gari kutumika barabarani kwa zaidi ya siku 14 baada ya kubadilisha mikono kabla ya mmiliki mpya kusajiliwa. Anayekwambia utumie tu, tutabadilisha jina baadaye, hakutakii mema.

Yote haya yangevumilika iwapo kuliendesha gari lenyewe kungekuwa nafuu. Ushuru wa Thamani ya Ziada kwa mafuta ulipandishwa kutoka asilimia 8 hadi 16 mnamo Julai 2023. Oktoba mwaka huo lita ya dizeli jijini Nairobi iliuzwa Sh205.47. Julai 2024 ada ya kukarabati barabara ikaongezwa kutoka Sh18 hadi Sh25 kwa lita, na wakulima ambao barabara zao hazijawahi kuona greda wakailipa sawa na wengine.

Sheria ya Fedha ya 2023 ilipandisha pia kodi ya mapema ya pikapu na malori, kutoka Sh1,500 kwa tani au Sh2,400 kwa mwaka hadi Sh2,500 kwa tani au Sh5,000, kutegemea ipi ni kubwa. Mwaka uliofuata Mswada wa Fedha ulipendekeza kodi ya asilimia 2.5 ya thamani ya kila gari, na isipungue Sh5,000. Pendekezo hilo liliondolewa, na mswada wote ukatupwa Juni 2024 baada ya vijana kumiminika barabarani. Wengi walilitazama kama suala la magari ya kifahari ya Nairobi. Huko Kinangop lilikuwa suala la mitungi ya maziwa.

Hapa ndipo penye utata katika fikira za wakuu wetu. Kwenye majukwaa, mkulima huhimizwa afikishe mazao sokoni mwenyewe ili awakwepe mabroka. Kwenye majedwali ya ushuru, chombo cha kumfikishia mazao hayo kinaonekana kuwa dalili ya utajiri.

Rafiki yangu hakununua injekta mpya. Alipata injini ya 5L iliyong'olewa kwenye Hilux iliyopata ajali, fundi akaipachika, na gari sasa linawaka kwa kelele ambayo mkewe anasema huamsha kuku. Lakini nambari ya injini haifanani tena na iliyo kwenye logibuku, na mabadiliko hayo ni lazima yakaguliwe na kusajiliwa na NTSA kabla ya kuingia barabarani bila hofu. Nilipozungumza naye wiki iliyopita alikuwa angali anasubiri kibali. Maziwa yanabebwa na bodaboda, mitungi miwili kwa safari, na makato ya ushirika yamebakisha miezi kumi na tisa.