Uyoga wa Vichuguuni: Uhalali Hautoshi Pasi na Yakini



Mvua za vuli zinapoilowesha ardhi ya Magu, Misungwi na Kwimba, uyoga huchipuka vichuguuni na kwenye mbuga za majani. Wiki hii tunapenda kuwakumbusha wazazi mambo machache kabla ya chungu kuinjikwa.

Kuhusu hukumu yake hatuna shaka. Asili ya vyakula ni uhalali mpaka ithibiti dalili ya kuvikataza. Tena, katika Hadithi aliyoipokea Said bin Zayd (R.A.), waliyoitoa Bukhari na Muslim, Mtume (S.A.W.) aliutaja uyoga uotao chini ya ardhi, uitwao kam'a, kuwa ni miongoni mwa manna. Wanazuoni wameeleza kwamba mja huupata pasi na kupanda wala kumwagilia.

Wa vichuguuni nao hatuupandi sisi. Mkulima wake ni mchwa. Mdudu huyo hukusanya majani makavu na vijiti, akajenga vitalu ndani ya kichuguu, na humo hustawisha ukungu anaoutegemea kwa chakula. Mvua ikinyesha, ukungu huo hutoa uyoga wenye shina refu mfano wa mzizi, lililozama hadi vitaluni. Basi anayebomoa kichuguu kwa tamaa ya kupata zaidi ameliharibu shamba la mwakani.

Hata hivyo, uhalali wa asili hauondoi madhara. Katika mbuga za majani huweza kuota uyoga mweupe wenye magamba ya kahawia, unaofanana mno na unaoliwa. Ukikomaa, mikunjo ya chini ya kofia yake hugeuka kijani. Mlaji hushikwa na kutapika na kuhara baada ya saa chache. Upo mwingine mbaya zaidi, ambao dalili zake hukawia saa 6 hadi 12 au zaidi. Kisha mgonjwa huonekana kupata nafuu, kumbe ini linaharibika. Sumu hiyo haiondoki kwa kuchemshwa.

Wapo wanaotia sarafu au kitunguu saumu chunguni, au wanaotazama kama wadudu wameula. Hakuna hata moja kati ya hayo lililo dalili ya usalama.

Kinachotakiwa ni yakini. Ule ule tu unaotambuliwa na mjuzi, mfano wa bibi zetu wa vijijini, na vijana wafuatane nao wajifunze kwa macho, kabla elimu hiyo haijazikwa. Watoto wasichume peke yao. Mtu akiugua, apelekwe hospitali mara moja pamoja na mabaki ya uyoga, wala asisubiri apate nafuu. Na anayetaka kuepuka shaka, uyoga mamama hulimwa majumbani juu ya mabua na maganda ya mbegu za pamba.

Kuacha chenye shaka ni katika dini. Na chungu kilichomwagwa si hasara mbele ya uhai wa mtoto.

Wabillahi tawfiq.