MAMBO YA BUSTANI: Maua ya Asia Yapandayo Kuta

Wahenga walisema, "Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe." Neno hilo lafaa kwa watu, na kwa mimea pia. Katika mitaa ya magharibi ya Nairobi, kama vile Kilimani, Kileleshwa na Lavington, nyumba nyingi za zamani zenye bustani pana zimebomolewa, na mahali pake yamejengwa majumba ya ghorofa. Ardhi iliyosalia kwa maua aghalabu ni ukanda mwembamba kati ya ukuta na njia ya magari. Hapo mti mkubwa hauna nafasi, bali mmea utambaao hutosheka na shimo moja, kisha hujitafutia makao juu. Mingi iliyo mizuri katika mimea hiyo asili yake ni Asia. Yampasa mwenye nyumba aijue tabia ya kila mgeni kabla ya kumkaribisha, maana mmoja ataleta harufu njema, na mwingine ataangusha mti wa jirani.

Mgeni wa kwanza amejulikana tangu zamani, naye ni mwasumini. Asili yake ni upande wa India, lakini huko Lamu, Mombasa na Unguja umekuwa kama mwenyeji, na maua yake hutiwa katika vikuba pamoja na rihani. Nairobi iko katika kimo cha mita 1,700 hivi, na usiku wa Juni na Julai ni wa baridi. Basi mwasumini hupandwa penye ukuta uelekeao kaskazini, kwa kuwa katika miezi hiyo jua hupita upande huo. Ndugu yake wa Uchina, uitwao kwa jina la kitaalamu Jasminum polyanthum, haujali ubaridi. Vitumba vyake vina rangi ya waridi, na maua yake meupe hunukia sana. Hukatwa mara tu maua yamalizikapo, ili upate muda wa kutoa matawi mapya.

Mgeni wa pili ni Thunbergia mysorensis, utokao India ya kusini. Jina Thunbergia lilitolewa kwa kumkumbuka Carl Peter Thunberg, mtaalamu wa mimea wa Uswidi aliyefika Japani mwaka 1775. Mmea huu haupendezi ukibanwa ukutani, bali hutengenezewa chanja lililo refu kuliko kimo cha mtu, ili mashada yake ya rangi ya manjano na nyekundu yaning'inie chini. Ndege chozi huyafuata kwa ajili ya asali yake, na mwenye nyumba aweza kuwatazama kutwa nzima bila kutoka barazani.

Ama mgeni wa tatu ndiye wa kuangaliwa sana. Huo ni Thunbergia grandiflora, wenye maua makubwa ya samawati yaliyochanganyika na urujuani, na asili yake ni India na nchi za jirani. Uzuri wake hauna shaka, wala si mgumu kuotesha. Kwa muda mfupi waweza kufunika ua mzima. Lakini nguvu hiyo hiyo ndiyo hatari yake. Mizizi yake hunenepa ardhini kama viazi, na ukikatwa juu, huchipuka tena. Kipande cha shina au cha mzizi kikitupwa penye unyevu chaweza kuwa mmea kamili. Katika jimbo la Queensland, nchini Australia, ulitoka bustanini ukaingia mwituni, ukaparamia miti mirefu, ukaifunika isipate jua, na mingine ukaiangusha kwa uzito wake. Huko sasa umehesabiwa kuwa gugu baya.

Jambo hilo si la mbali na Nairobi. Mto Kirichwa Kubwa hupita kati ya mitaa hiyo ya magharibi, kisha hufika Arboretum, ile bustani ya miti iliyoanzishwa mwaka 1907 ili kujaribu miti ya kuwapa kuni watu wa reli. Mtunza bustani atupaye matawi yaliyokatwa kwenye ukingo wa mto huwa amewapelekea wengine mbegu ya taabu, naye hataiona. Yafaa matawi hayo yaanikwe juani juu ya saruji mpaka yakauke kabisa, na mizizi ing'olewe yote.

Mwenye nafasi ndogo atakaye ua la namna hiyo bila hofu kubwa aweza kupanda ndugu yake wa Afrika, Thunbergia alata, wenye maua ya rangi ya chungwa na jicho jeusi katikati. Huo ni mwenyeji wa Afrika ya Mashariki, wala mwili wake si mzito. Kadhalika ajue kwamba bogenvilia, ambayo wengi huidhania ya Kihindi, ilitoka Amerika ya Kusini.

Wakati wa kupanda ni mwanzo wa mvua, mwishoni mwa Machi au katika Oktoba. Shimo na liwe na upana na kina cha sentimita 60, mbali kidogo na ukuta, na udongo wake mwekundu uchanganywe na samadi iliyooza. Waya utangulie kufungwa kabla ya mche kutiwa ardhini, na machipukizi yaelekezwe yangali laini, kwani udongo uwahi ungali maji. Na anunuapo miche kando ya Barabara ya Ngong, mnunuzi asiulize rangi ya ua tu. Aulize jina kamili, na kimo utakachofika mmea huo baada ya miaka mitano, ndipo afungue mfuko wake.