Fundi Aliyekunja Wakati: Maoni kuhusu Mighani ya Mutisya wa Munge

Mwanafunzi akiulizwa ataje shujaa wa mighani, mara nyingi hukimbilia Fumo Liyongo au Lwanda Magere. Mtahiniwa wa Kambu, Kitui au Wote ana shujaa wa karibu zaidi. Huyu ni Mutisya wa Munge wa Wamunyu, fundi anayetajwa kuwa baba wa uchongaji wa vinyago katika Ukambani. Mutisya aliishi kweli. Hata hivyo, masimulizi yamemgeuza kuwa mhusika wa mighani, na mhusika huyo ndiye ninayemjadili hapa.

Kwa kawaida kisa chake husimuliwa hivi. Wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia (1914–1918), Mutisya alikwenda katika nchi iliyokuja kuitwa Tanganyika. Huko akawaona wachongaji stadi. Wasimulizi wengine husema walikuwa Wamakonde, wengine Wazaramo. Akajifunza kazi yao, akarudi Wamunyu na tezo yake, na Wakamba wakawa wachongaji.

Kila shujaa wa mighani huwa na uwezo usio wa kawaida. Liyongo hakuweza kuuawa ila kwa sindano ya shaba kitovuni. Uhai wa Magere ulikuwa katika kivuli chake. Je, uwezo wa Mutisya ni upi? Kwa maoni yangu, ni uwezo wa kukunja wakati. Mikononi mwake kazi ya vizazi kadhaa huwa kazi ya mtu mmoja, na safari ya miaka mingi huisha kwa sentensi moja. Fanani hufanya hivyo makusudi, kwa kuwa kisa kifupi chenye shujaa mmoja hukumbukwa upesi. Msomaji naye anapaswa kukikunjua.

Tukikikunjua, jambo la kwanza tunaloliona ni vita. Makumi ya maelfu ya wapagazi Waafrika walikufa katika vita hivyo, wengi wao kwa maradhi na njaa. Mighani hulipita jambo hili kwa maneno mawili tu: "alikwenda vitani". Ukisoma bila kuuliza, utadhani vita vilikuwa shule ya ufundi.

Pili, Wakamba walichonga kabla ya Mutisya. Walitengeneza viti vya miguu mitatu, fimbo na miiko ya matumizi ya nyumbani. Jipya alilolileta ni kuchonga sanamu za kuuza. Kwa hivyo ujuzi wa kigeni uliangukia mikono iliyokwisha kuujua mti. Masimulizi yanayoanza na Mutisya pekee huwafuta wazee hao, na mara nyingi huwafuta pia walimu wake wa Tanganyika, ambao hata majina hawana.

Tatu, kuna waliofuata. Wachongaji walihamia Nairobi, Malindi na Mombasa, ambako mwaka wa 1963 walianzisha chama chao cha ushirika huko Changamwe. Katika kazi hii mmoja hukata gogo, mwingine huchonga, na mwingine, mara nyingi mwanamke au kijana, hupiga msasa na kung'arisha. Wote hawa wamekunjwa ndani ya jina moja.

Nne, kuna mti wenyewe. Mpingo na muhugu huchukua miongo mingi kukomaa, lakini twiga wa kuchongwa hukamilika kwa muda mfupi sana. Miti hiyo ilipoadimika, wachongaji wengi waligeukia mwarobaini, unaokua haraka zaidi. Urithi wa fundi una deni hili pia, na mighani haitaji deni.

Mlinganishe Mutisya na Syokimau, nabii wa Wakamba anayesemekana kutabiri ujio wa nyoka mrefu kutoka baharini. Reli ilianza kujengwa Mombasa mwaka wa 1896 na kufika Ziwa Viktoria mwaka wa 1901. Katika mighani ya Syokimau, wakati ujao huvutwa karibu; katika ya Mutisya, wakati uliopita hubanwa. Mbinu ni mbili, lakini lengo ni moja, yaani kuifanya jamii ione kwamba mabadiliko makubwa yalipitia kwa mtu wake.

Huenda ukasema kwamba kumkunjua shujaa ni kumshusha hadhi. Sikubaliani. Anayemsifu Mutisya kana kwamba alizaliwa na ufundi humnyima sifa iliyo kubwa kuliko zote: alijifunza kwa watu wasio wa kabila lake, katika miaka ya mauti, na ujuzi huo haukufa naye. Mtu wa kawaida aliyefanya hivyo ana mengi ya kumfunza kijana wa Kidato cha Nne kuliko jitu lisiloumia.

Basi ukijibu swali la mighani, usiishie kuorodhesha sifa za shujaa. Eleza pia fanani amefupisha nini, amemwacha nani nje, na kwa nini hadhira yake ilikihitaji kisa kwa umbo hilo. Kisha, kabla ya mtihani, mwombe mzee au nyanya aliye karibu nawe akusimulie juu ya fundi mmoja wa kijijini kwenu, awe mchongaji, mhunzi au msusi wa vyondo. Andika jina la fundi huyo, na la aliyemfunza.