Mwigizaji hachaguliwi kama sinema zinavyotuonyesha

Juma lililopita mama mmoja jirani yangu hapa Kariandusi alibisha hodi kwangu kabla jua halijachomoza vyema. Mkononi alishika simu ya bintiye, na usoni alikuwa na furaha iliyochanganyika na wasiwasi.

"Mwalimu," akaniambia hata kabla ya kuketi, "hebu nisomee hii kwa makini. Nataka kujua kama nimuuze yule mbuzi au nimwache."

Nilivaa miwani nikasoma. Ujumbe ulisema kwamba kampuni ya sinema kutoka ng'ambo ingepiga filamu kubwa kando ya Ziwa Elementaita, na kwamba vijana 40 walihitajika. Kila aliyetaka kuingia katika mchujo, ama odisheni kama wasemavyo vijana, atume picha mbili pamoja na Sh2,500 za usajili kabla ya saa kumi jioni. Watakaopita wangelala hotelini Naivasha kwa siku tatu "kwa mazoezi".

Binti mwenyewe, aliyemaliza kidato cha nne mwaka jana, alikuwa amesimama nje kando ya mlango. Nilimwita aingie, nikamuuliza kilichomfanya auamini ujumbe wa mtu asiyemjua. Alinijibu bila kusita: "Mwalimu, hata kwenye sinema huwa ni hivyo. Nafasi huja mara moja. Ukichelewa, basi."

Maneno hayo ndiyo yaliyonifanya nishike kalamu. Habari za mbuzi nitakupa baadaye. Kwanza tutazame hizo sinema zilizomfundisha binti huyu.

Chumba chenye meza ndefu

Bila shaka umewahi kuiona hadithi hii. Msichana maskini anawasili mjini na sanduku moja. Anaingia katika chumba chenye meza ndefu, na nyuma ya meza wameketi watu watatu wasiotabasamu. Mmoja anatazama saa, mwingine ananong'ona na mwenzake. Msichana anafungua kinywa, na mara wote watatu wanainua vichwa kwa mshangao. Picha inayofuata, jina lake limeandikwa kwa taa.

Filamu ya La La Land ya mwaka 2016 imetuonyesha mambo hayo kwa upande wa uchungu na kwa upande wa utamu. Mwanzoni, Mia, aliyeigizwa na Emma Stone, analia machozi ya kweli mbele ya wachujaji, kisha mtu anaukatiza mchezo wake kama anayefukuza nzi. Hapo hakuna uongo. Lakini mwishoni Mia anaitwa tena, anaambiwa asimulie hadithi yoyote, anaimba kutoka moyoni, na maisha yake yanageuka. Hapo ndipo vijana wetu wanaposhikwa. Wanasahau machozi ya mwanzo, wanakumbuka wimbo wa mwisho.

Ukitaka sinema inayosema kweli zaidi, na tena ya kuchekesha, tafuta Tootsie ya mwaka 1982. Dustin Hoffman ni mwigizaji stadi asiyepata kazi. Anapojaribiwa, anaambiwa kimo chake hakifai. Anasema anaweza kuwa mrefu zaidi. Anajibiwa kwamba anatakiwa mfupi. Anasema hata ufupi anauweza. Hatimaye anaambiwa waziwazi kwamba anatakiwa mtu mwingine! Kosa lake si uigizaji mbaya. Kosa lake ni kuwa yeye. Ilimbidi avae gauni na kujiita mwanamke ndipo apate kazi.

Nasema sinema hiyo ni ya kweli kwa sababu aliyeielekeza, Sydney Pollack, aliijua kazi hiyo ndani na nje. Ndiye huyo huyo aliyekuja Kenya kutengeneza Out of Africa, iliyotoka mwaka 1985 na kunyakua tuzo saba za Oscar. Wengi wetu tunaikumbuka kwa ile ndege ndogo ikiruka juu ya ziwa lililojaa heroe. Sasa tazama alivyowachagua waigizaji wake. Denys Finch Hatton alikuwa Mwingereza, lakini aliyemwigiza ni Robert Redford, Mmarekani aliyebaki na lafudhi yake ya Kimarekani. Farah alikuwa Msomali, lakini aliyemwigiza ni Malick Bowens, mzaliwa wa Mali.

Je, nchi nzima ilikosa Msomali wa kuigiza Msomali? La hasha. Mwenye sinema hatafuti aliye bora kuliko wote kama hakimu wa mashindano. Anatafuta uso, sauti na jina linalokaa katika picha aliyo nayo kichwani, na pengine litakalouza tikiti.

Sisi wa Kariandusi tuna mfano wake hapa hapa. Nenda katika lile jumba letu la makumbusho ukayatazame mashoka ya mawe ambayo Louis Leakey na wenzake waliyafukua tangu miaka ya mwisho ya 1920. Watu wa kale walichagua jiwe kwa kazi, na jiwe lililoachwa bondeni halikuwa na dosari yoyote. Halikukaa tu katika mkono ule, siku ile. Anayekataliwa katika mchujo ni jiwe la namna hiyo. Wala asirudi nyumbani akidhani ameambiwa hafai duniani.

Mwas na shilingi zake 500

Sinema iliyomwonyesha kijana wetu vyema zaidi, kwa maoni yangu, ni Nairobi Half Life ya mwaka 2012, iliyoelekezwa na David Gitonga, maarufu Tosh. Mwas, aliyeigizwa na Joseph Wairimu, ni kijana wa mashambani anayeuza sinema huku akiwaigizia wateja wake. Siku moja kundi la waigizaji kutoka Nairobi linafika kwao. Anamwomba mmoja wao amsaidie. Jamaa huyo anamtaka Sh1,000 ili ampe nafasi katika mchezo. Mwas ana Sh500 tu. Anazitoa, na anaambiwa azipeleke zilizosalia katika Ukumbi wa Taifa jijini.

Msomaji, simama hapo kidogo. Mwas hajaulizwa aigize chochote. Ameulizwa pesa. Kila kinachofuata, kuibiwa siku ya kwanza mjini, kulala korokoroni na kuingia katika genge la wezi, kinaanzia kwenye hizo Sh500.

Lakini Gitonga hakuishia hapo. Katikati ya masaibu hayo Mwas anaingia katika mchujo wa kweli, wa kundi la Phoenix Players, na anapata nafasi. Safari hii wanataka kuona anachoweza kufanya, wala si kilichomo mfukoni mwake. Mizani ya hadithi yote imo hapo, ingawa watazamaji wengi hukumbuka bastola tu. Wairimu naye alituzwa kuwa mwigizaji bora katika tamasha la filamu la Durban mwaka huo huo.

Lupita na wale wengine

Najua utaniuliza, "Je, Lupita Nyong'o?" Naam, hebu tumtazame Lupita. Filamu ya The Constant Gardener ilipotengenezwa nchini mwetu na kutoka mwaka 2005, Lupita alikuwamo, lakini si mbele ya kamera. Alikuwa msaidizi katika kikosi cha watengenezaji. Baadaye tukamwona katika Shuga, mwaka 2009. Kisha akaenda kusomea uigizaji katika Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, na kuhitimu mwaka 2012. Ndipo alipochaguliwa kuwa Patsey katika 12 Years a Slave, na mwaka 2014 akapokea Oscar.

Mwelekezi wa filamu hiyo, Steve McQueen, amesema kwamba wasichana zaidi ya 1,000 walijaribiwa kwa ajili ya nafasi hiyo moja. Hakuna mtu atakayetengeneza sinema kuhusu hao wengine. Waliamka, wakakariri maneno yao, wakasoma mbele ya kamera na kurudi nyumbani. Wengi wao walikuwa hodari. Kukosa ndiyo hali ya kawaida ya kazi hii, na mwigizaji wa kweli huhesabu miaka, hahesabu siku moja ya bahati.

Kuna jambo jingine ambalo ukurasa wa familia hauwezi kulifumbia macho. Oktoba 2017 Lupita aliandika katika gazeti la New York Times jinsi tajiri wa sinema Harvey Weinstein alivyomwalika nyumbani kwake alipokuwa angali mwanafunzi, na jinsi mwaliko wa kutazama filamu ulivyogeuka kuwa mambo ya chumbani. Aliponyoka kwa akili zake. Ikiwa hayo yalimfika msichana wa Yale, itakuwaje kwa binti yako anayeambiwa akalale hotelini Naivasha siku tatu na watu asiowajua?

Utawajuaje wa kweli?

Ukweli ni kwamba wageni wa sinema huja kweli pande zetu, na ndiyo maana uongo huu unapata masikio. Filamu ya pili ya Lara Croft, ya Angelina Jolie, iliyotoka mwaka 2003, ilipigwa kwa sehemu katika Hell's Gate, Naivasha. Katika The First Grader ya mwaka 2010, inayomhusu Mzee Kimani Maruge aliyeingia darasa la kwanza akiwa na umri wa miaka 84, Maruge aliigizwa na Oliver Litondo, aliyewahi kuwa mtangazaji wa habari. Lakini wale watoto wa darasani walikuwa wanafunzi wa kweli wa shule ya mashambani, hapa hapa katika Bonde la Ufa. Watengenezaji ndio waliowafuata watoto shuleni.

Basi yaweke moyoni mambo haya machache. Kwanza, anayechagua waigizaji hulipwa na mwenye filamu. Hana haja ya pesa za anayejaribiwa. Ukiombwa ada ya usajili, ya fomu au ya picha, funga mkoba wako. Hata anayetakiwa kupita tu nyuma ya mastaa sokoni hulipwa kwa siku, halipi yeye.

Pili, Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222 ya sheria za Kenya, inataka anayepiga filamu ya kuonyeshwa hadharani awe na leseni. Uliza leseni hiyo. Muulize pia chifu, na umuulize mwenye shamba. Malori ya mashine hayawezi kuteremka hadi ziwani na kijiji kizima kisiwe na habari.

Tatu, mchujo wa kweli hufanyika mchana, mahali pa watu wengi. Kijana hupewa kurasa mbili tatu za kusoma, na akiwa bado mdogo, mzazi huruhusiwa kumsindikiza. Mwenye nia njema hachukizwi na mama aliyeketi kwenye kibao nje akisubiri.

Nne, mwanzo wa mwigizaji uko karibu kuliko anavyofikiri. Uko katika tamasha za drama za shule, katika vijana wa kanisa au wa msikiti, na katika ukumbi wa Nakuru Players pale mjini Nakuru. Ukitaka kuona hayo, tazama Supa Modo ya Likarion Wainaina, ya mwaka 2018. Kijiji kizima kinajitengenezea filamu ili kumfurahisha mtoto mgonjwa, na kila mtu anapata la kufanya.

Sasa nirudi kwa mbuzi. Nilimwomba binti amjibu yule mtu na kumtaka nambari ya leseni yao. Jibu lilifika baada ya dakika chache: nafasi zimejaa. Tulipopiga simu, ilikuwa imezimwa. Mbuzi yupo, na jana nilimkuta akila sukuma wiki yangu.

Lakini sitaki nikudanganye kwamba nilishukuriwa. Mama alipumua kwa nguvu na kuniombea baraka. Binti alinitazama kwa macho makavu akasema, "Na kama walikuwa wa kweli, Mwalimu? Sasa wamechukua mwingine." Akaondoka bila kuaga. Tangu siku hiyo salamu zake kwangu ni fupi.

Simlaumu. Nimemwondolea ndoto moja, na bado sijampa nyingine. Ndiyo maana nakusihi, mzazi mwenzangu: mwanao akikuambia anataka kuwa mwigizaji, usimcheke. Mtoto anayechekwa nyumbani humwamini wa kwanza anayemsifu barabarani, hata kama sifa hizo zinauzwa Sh2,500. Mketishe, mtazame sinema pamoja, kisha muulize swali moja: katika hadithi hii, nani alilipa, na nani alilipwa?

Mimi nimemtumia binti ujumbe kupitia kwa mamake. Jumamosi ijayo nakwenda Nakuru, na katika matatu nitamlipia nauli akipenda kufika pale ukumbini akajiulizie mwenyewe. Mama naye amealikwa. Bado sijapata jibu.

Hadi Jumapili ijayo, Mungu akipenda, kwaheri.