Shule za Rangi Zilikufa, za Mfuko Zinazaliana

Simama asubuhi kando ya barabara ya Ipinda, huku kwetu karibu na Ziwa Nyasa, ndugu yangu, utazame. Basi la njano la shule ya kulipia linapita na watoto wa soksi nyeupe. Pembeni, kwenye tope la masika, wanakwenda watoto wa Kayumba, shule ya serikali, viatu mkononi. Ni wa kijiji kimoja. Mama zao wanauza mchele soko moja. Darasani hawatakutana kamwe.

Umeona. Umeona, ukanyamaza!

Zamani mkoloni naye alitugawa, ila yeye kwa rangi: shule za Wazungu, shule za Wahindi, na za Waafrika zikila makombo. Uhuru ulipokuja, serikali haikumbembeleza mtu. Waziri wa Elimu alikuwa Oscar Kambona, mwana wa Ziwa Nyasa hili hili, upande wa Mbamba Bay. Sheria ya elimu ya 1961 ikaufuta ubaguzi ule, na Januari 1962 mfumo ukawa mmoja. Walikuwapo walionung'unika kwamba viwango vitashuka. Wakaachwa wanung'unike.

Leo nani ana ubavu huo?

Utaambiwa elimu ni bure tangu 2016. Bure ya kubanana darasani! Tena mtoto wa Kayumba anasoma shule yote ya msingi kwa Kiswahili, kisha Kidato cha Kwanza anatupwa kwenye Kiingereza. Kemia kwa Kiingereza. Hata historia ya babu zake ilifundishwa kwa Kiingereza miaka mingi. Akinyamaza, anaitwa mjinga. Mwenzake wa basi, aliyeanza na Kiingereza tangu msingi, anateleza tu. Miaka 4 baadaye mmoja anaomba chuo, mwingine anabeba abiria kwa bodaboda ya mtu kwenda mpakani Kasumulu.

Viongozi hawajui? Wanajua sana. Ndiyo maana watoto wao huwaoni Kayumba. Mwenye shibe hamjui mwenye njaa.

Na wewe je? Umeuza kokoa, mtoto mmoja ukampeleka ingilishi midiamu, wadogo zake ukawaacha. Umeuingiza ubaguzi mpaka chini ya paa lako, halafu unalalamika kijiweni. Msiba wa kujitakia hauna kilio.

Sisemi ulipige mawe basi la mtu. Nasema amka. Mkutano mkuu wa kijiji upo kila miezi 3, nawe huendi. Nenda. Diwani akisimama kusifu elimu bure, muulize mbele ya watu: wa kwako anasoma wapi? Akibabaika, usimpigie makofi.